Kipande: Karatasi Iliyotufunza Kungoja

Karao akikusimamisha River Road saa nne usiku, swali lake la kwanza si unatoka wapi wala unaenda wapi. Ni "Kipande iko wapi?" Unakitoa mfukoni, anakimulika na tochi ya simu, anaangalia picha, anakuangalia wewe, anarudi kwa picha. Ukiwa nacho unaenda zako. Ukiwa umekiacha kwa nyumba, hiyo ni stori ingine, na mara nyingi inaishia kwa mfuko wako.

Kwa fomu za serikali kinaitwa kitambulisho. Mtaani ni kipande, na wasee wengi hudhani ni Sheng, kama tunavyosema ndai ama doh. Si Sheng. Hilo jina limepita miaka mia moja, na waliolitumia kwanza hawakuwa wanacheza. Babu za babu zetu walivaa kipande shingoni, kwa kamba, kama kengele ya mbuzi.

Nimekuwa nikisoma hii historia kwa wiki kadhaa kwa sababu nimechoka na maelezo tunayopeana kila tukikwama kwa afisi ya serikali. Tunasema wale watu ni wavivu. Tunasema wanataka kitu kidogo. Yote mawili yanaweza kuwa kweli siku hiyo, mimi sibishani. Lakini uvivu hauelezi mbona fomu inataka kitambulisho cha babako, na cha mamako, na barua ya chifu, na bado ukifika dirishani unaangaliwa kama mtu aliyekuja kuiba nchi. Hilo jicho lina historia. Aliyeandika zile taratibu mwanzo hakuwa anakuhudumia. Alikuwa anakutafuta.

Turudi nyuma basi.

Mwanzoni mwa miaka ya 1900 serikali ya Waingereza ilianza kutoza kodi kwa kila nyumba ya Mwafrika. Wewe ni mzee wa Kiambu, una mbuzi, una shamba, una mahindi ghalani. Huna rupia. Rupia ziko kwa Mzungu mwenye shamba la kahawa, ambaye shamba lake pengine jana lilikuwa la jirani yako. Kwa hivyo kijana wako anatoka asubuhi anaenda kuzitafuta huko. Kodi haikuwa ya kujaza hazina peke yake, ilikuwa pia ya kutoa vijana nyumbani.

Shida ya walowezi ni kwamba vijana hawakukaa. Kazi ni ngumu, posho ni kidogo, nyapara ana kiboko, na nyumbani mvua imeanza. Kijana anatoroka usiku. Akifika shamba lingine anasema anaitwa Kamau, kumbe jana kule kwingine alikuwa Njoroge. Utamjulia wapi? Hana picha, hana karatasi, na Mzungu mwenyewe hawezi kutofautisha sura. Walowezi walilia sana kuhusu hili. Ukisoma malalamiko yao unaweza kudhani wao ndio walionyang'anywa kitu.

Mwaka 1915 walipata dawa yao: sheria ya kusajili wenyeji. Vita vya kwanza vya dunia vikaichelewesha, kwa sababu wanaume wenyewe walichukuliwa wakabebe mizigo ya wanajeshi kwa kikosi cha Carrier Corps. Kama umewahi kula nyama choma pale soko la Kariokor, sasa unajua jina lilitoka wapi. Vita vikaisha, na kati ya 1919 na 1920 sheria ikaanza kazi. Kila mwanamume Mwafrika aliyefikisha miaka 16 alitakiwa kusajiliwa na kutembea na kipande akitoka eneo lake. Karatasi ilikunjwa ikatiwa ndani ya kikopo kidogo cha chuma, na kikopo kikaning'inizwa shingoni. Wakikuyu walikiita mbugi, jina la ile kengele anayofungwa mbuzi ili asipotee. Walijua kabisa ni nini wanafanyiwa.

Sasa tuangalie kilichoandikwa ndani, kwa sababu hapo ndipo mambo yako. Jina lako. Kabila. Wilaya ulikotoka. Alama za vidole. Halafu zinafuata nafasi za mwajiri: jina lake, kazi uliyofanya, tarehe ya kuanza, mshahara, tarehe ya kumaliza, na sahihi yake.

Hiyo sahihi ndiyo kufuli. Bila sahihi ya bosi wako wa zamani kuonyesha amekuachilia, huwezi kuajiriwa kwingine, na atakayekuajiri anavunja sheria. Bosi akikasirika, hatii sahihi. Akiwa ameenda safari, unamngoja. Akitaka ukae mwezi mwingine, anakunja karatasi anaweka kwa droo. Na mshahara ukishaandikwa pale, bosi anayefuata anausoma kabla hujafungua mdomo. Fikiria uende mahojiano ya kazi leo na kitambulisho chako kimeandikwa nyuma ulilipwa ngapi kazi ya mwisho. Utapanda lini?

Ukitoroka, zile alama za vidole ziko Nairobi kwa afisi kuu, na nambari yako ina jina la mwajiri. Hakuna tena kuwa Kamau huku na Njoroge kule. Kuacha kazi bila ruhusa kulikuwa ni kosa la jinai, na kupatikana bila kipande vilevile. Faini ama jela.

Kumbuka pia ni nani hakubeba kipande. Mzungu hakubeba. Mhindi hakubeba. Mwanamke Mwafrika hakubeba, si kwa sababu walimheshimu, ila kwa macho ya serikali hakuhesabiwa kama mfanyakazi wala kama mtu wa kujitegemea. Shikilia hiyo ya wanawake, tutairudia.

Watu walinyamaza? Hapana. Kuna barabara hapa mjini umepitia mara mia, inashuka kando ya chuo kikuu cha Nairobi, inaitwa Harry Thuku. Huyo alikuwa kijana wa mjini kama wewe, mwenye kazi ya afisini, mpokeaji simu kwa afisi ya hazina ya serikali. Mwaka 1921 walowezi waliamua kukata mishahara ya Waafrika kwa thuluthi moja, kodi nayo ikawa imepanda. Thuku na wenzake wakaunda chama, East African Association, na kipande kilikuwa kati ya malalamiko yao makubwa. Pamoja na hayo walilalamikia machifu waliokuwa wakikusanya hata wasichana kwa nguvu kwenda kufanya kazi kwa mashamba ya Wazungu.

Tarehe 14 Machi 1922 alikamatwa. Watu wakaanza kukusanyika nje ya kituo cha polisi karibu na hoteli ya Norfolk. Tarehe 16 maelfu walikuwa bado wako hapo. Viongozi wa kiume waliingia kuongea na wakubwa wa serikali, wakatoka wakiwaambia watu waende nyumbani. Mwanamke anayeitwa Mary Muthoni Nyanjiru akasimama. Alipandisha nguo yake mbele ya wanaume, ambayo kwa Wakikuyu ni laana na tusi la mwisho, akawaambia kama wanaogopa wampe suruali zao yeye avae. Wanawake wakapiga kelele, umati ukasonga mbele, na bunduki zikalia. Walowezi waliokuwa kwa baraza la hoteli walijiunga kufyatua risasi. Serikali ilihesabu waliokufa 21, na wengine husema walikuwa wengi zaidi. Nyanjiru alikuwa kati ya wa kwanza kuanguka.

Mwanamke ambaye sheria haikumpa kipande alikufa akipinga, kati ya mengine, kipande cha wanaume. Thuku akapelekwa kizuizini Kismayu. Na kipande? Kikaendelea kuning'inia miaka mingine 25. Hapo ndipo unaelewa makaratasi yana roho ngumu kuliko magavana.

Mwaka 1947, baada ya kelele nyingi za KAU na wafanyakazi, sheria mpya ikapitishwa: kila mtu wa kila rangi asajiliwe, wanaume wote, kwa kadi ya aina moja. Wazungu walilipuka. Wachukuliwe alama za vidole kama wahalifu? Walipiga kelele mpaka taratibu zikalegezwa. Waafrika walikuwa wamepaka vidole wino kwa karibu miaka thelathini, na hakuna aliyeuliza kama wanajisikia wahalifu.

Kidogo mambo yakaanza kulainika, halafu hali ya hatari ikatangazwa Oktoba 1952. Tarehe 24 Aprili 1954 jeshi lilizingira Nairobi kwa ile operesheni iliyoitwa Anvil. Maelfu ya askari, nyumba kwa nyumba, na kila Mkikuyu, Mwembu na Mmeru akatolewa nje apangwe laini. Unapita mbele ya mtu aliyevishwa gunia kichwani, mashimo mawili ya macho, hujui ni nani. Wakikuyu waliwaita gakunia. Akitikisa kichwa hivi, uko huru. Akitikisa vile, unapelekwa kambini. Baadaye wale watu wa kabila hizo tatu walitakiwa kuwa na kitabu cha pasi kutembea, na cheti cha kuthibitisha utiifu kwa serikali ili wapate hata kura.

Nimekaa sana na hiyo picha ya gakunia. Si kwa sababu ni ya kutisha, hata kama ni ya kutisha. Ni kwa sababu ndani yake kuna kanuni nzima ya afisi zetu: kile unachosema kuhusu wewe mwenyewe hakitoshi. Lazima kuwe na mtu mwingine wa kusema. Mwajiri na sahihi yake. Gakunia na kichwa chake. Halafu chifu na muhuri wake.

Chifu huyo, kwa wengi wetu, tunadhani ni kitu cha mila. Jamii nyingi za Kenya hazikuwa na chifu. Walikuwa na mabaraza ya wazee, rika, koo. Waingereza walitengeneza vyeo hivyo kwa sheria, ya kwanza mwaka 1902, halafu wakaipanua 1912, ili wapate mtu mmoja kijijini wa kukusanya kodi na kutoa vibarua. Oktoba 1919, wakati kipande kinaanza kufungwa shingoni, Gavana Edward Northey alitoa waraka ukiwaambia maafisa na machifu "wahimize" vijana kwenda kazini kwa walowezi. Kila mtu alijua neno kuhimiza lina maana gani ukiwa na askari nyuma yako.

Uhuru ukaja 1963. Bendera ikabadilika, wimbo ukabadilika, watu waliokaa nyuma ya dirisha wakabadilika. Dirisha likabaki pale pale. Sheria ya 1947 ya kusajili watu ilibaki kwa vitabu, na kwa miaka 15 baada ya uhuru kitambulisho kilikuwa cha wanaume. Ni mwaka 1978 ndipo sheria ilirekebishwa wanawake wakaingizwa. Umri nao baadaye ukapandishwa kutoka 16 hadi 18. Muulize shosho wako kama yuko hai: kuna wanawake waliozaa, wakalima, wakapiga kura, wakazika waume zao, na serikali ya nchi yao huru ilikuwa haijawapa karatasi ya kusema wao ni kina nani.

Geuza sasa kile kitambulisho chako cha zamani, hiki kilichoanza kutolewa katikati ya miaka ya 1990. Nyuma utapata wilaya, tarafa, lokesheni, sablokesheni. Umezaliwa Pumwani, umekulia Umoja, umesomea Buruburu, na kadi inasema wewe ni mtu wa sablokesheni ambayo huwa unaenda Krismasi, ukibebwa. Ile nafasi ya wilaya ulikotoka iliyokuwa kwa kipande haikufutwa. Kwa serikali ya mkoloni, mjini hapakuwa kwenu. Ulikuwa mgeni uliyekuja kufanya kazi, na lazima ijulikane utarudishwa wapi.

Nilikutana na hii mwenyewe nilipoomba changu cha kwanza. Afisa wa kwanza aliniuliza kwetu ni wapi. Nikamwambia hapa. Akacheka, akasema, "Kijana, nakuuliza kwenu." Nikataja kwa baba. Akaniambia basi chifu wa huko ndiye anakujua, leta barua yake. Chifu wa huko hajawahi kuniona. Nilipanda gari usiku, nikaenda kwa baba mdogo, tukaenda naye kwa chifu, na chifu akamwuliza baba mdogo, "Huyu ni wa nani?" Akajibiwa, akaandika. Mimi sikuulizwa swali hata moja. Nilirudi mjini na barua, nikaambiwa muhuri hausomeki vizuri. Nikarudi tena wiki iliyofuata, sistimu iko chini. Mara ya tatu mkubwa ameenda mkutano na ufuo wa meza yake una kufuli. Wewe una yako kama hii, najua, labda mbaya zaidi. Mabeshte wangu wawili walikaa na ile karatasi ya kungojea, ile tunaita weiting, mpaka ikachanika.

Lakini mimi nilikuwa na baba mdogo. Jina letu halishtui mtu. Kuna Wakenya ambao hilo swali la "wewe ni wa nani" limewakula maisha yote.

Wanubi waliletwa na Waingereza kama wanajeshi kutoka Sudan. Wakapewa ardhi Kibra mwanzoni mwa miaka ya 1900, mahali palikuwa msitu, na wakazaliana hapo kizazi baada ya kizazi. Kijana Mnubi akifikisha miaka 18 hakwenda kwa foleni ya kawaida. Alipelekwa mbele ya kamati, wazee na maafisa wamekaa, akaambiwa alete karatasi za babu. Karatasi za babu! Babu aliyekuja na bunduki ya Mwingereza begani. Mwaka 2011 kamati ya Umoja wa Afrika inayosimamia haki za watoto iliamua kwamba Kenya ilikuwa inawaonea watoto wa Kinubi. Miaka mia moja hapa, na bado kesi inaamuliwa nje.

Wasomali wa Kenya ndio wamekula kwa kina. Mwaka 1989 serikali ilitangaza ukaguzi wao wote, na waliopita wakapewa kadi nyingine ya rangi ya waridi juu ya kitambulisho walichokuwa nacho. Yaani una kipande, halafu unapewa kipande cha kuthibitisha kipande. Raia wengine hawakuombwa hivyo. Kamati za ukaguzi zikabaki kaskazini kwa miaka mingi.

Iko hii ingine ambayo nikiwasimulia watu wa Nairobi hawaamini. Kuna familia za Garissa na kwingineko kaskazini, Wakenya kabisa, ambazo ukame ulizimaliza mifugo. Kambi za wakimbizi za Dadaab zilikuwa na chakula, dawa na shule. Mama akamwandikisha mtoto kambini ili ale. Mtoto wa miaka mitano akaweka kidole. Miaka kumi na tatu baadaye anaenda kuomba kitambulisho, kompyuta inasoma kidole, inasema wewe ni mkimbizi. Maelfu ya vijana walinaswa hivyo. Hawana kitambulisho, kwa hivyo hawana laini ya simu kwa jina lao, hawana akaunti ya benki, hawawezi kujiunga na chuo kwa urahisi, na kwa kizuizi cha barabara wanashushwa kwa basi. Mwaka 1920 alama ya kidole ilitumika kumshika kijana aliyetoroka shamba. Mtoto wa Garissa yeye ilimshika akitoroka njaa.

Wamakonde wa Kwale waliletwa kutoka Msumbiji kufanya kazi kwa mashamba ya mkonge na miwa. Oktoba 2016 walichoka, wakaanza kutembea kwa miguu kutoka pwani kuja Nairobi kumwona Rais. Si kwa matatu, kwa miguu. Miezi michache baadaye walianza kupata vitambulisho. Baadaye Washona, halafu Wapemba mwaka 2023. Ninafurahi kwa ajili yao, lakini angalia njia iliyotumika: kila mara ilibidi Rais mwenyewe atamke. Februari 2025 vilevile, Rais William Ruto akiwa Wajir alitia sahihi tangazo la kuondoa ule ukaguzi wa kaskazini. Karani wa kawaida, kwa dawati la kawaida, hakuwa na uwezo wa kusema ndiyo. Alikuwa na uwezo wa kusema hapana tu. Afisi ikipangwa hivyo, hata karani mwenye moyo mzuri anakuambia rudi kesho, kwa sababu kosa lake la kukupa litamfukuzisha kazi na kosa lake la kukunyima halitamfanya chochote.

Nikisema hivi kuna msee atasema, tulia, mambo sasa ni ya dijitali. Sawa. Huduma Centre zilianza 2013 na kusema ukweli zilipunguza maumivu mengi. Nampa sifa aliyezifikiria. Lakini Aprili 2019 tuliambiwa tujisajili tena wote, Huduma Namba, na tukatishwa kwamba bila hiyo hutapata huduma. Mathe wangu alipiga foleni kwa jua, kama mamilioni wengine. Mwezi wa Januari 2020 mahakama kuu, kwa kesi iliyoletwa na Wanubi kati ya wengine, ilikataza serikali kuchukua DNA na mahali mtu anakaa kwa ramani ya setilaiti, na ikasema sheria za kulinda data zikae sawa kwanza. Oktoba 2021 mahakama ikasema tena ugawaji wa zile kadi haukufuata sheria ya kulinda data. Mwaka 2023 ikaja Maisha Namba. Kila serikali mpya inahisi bado haijatujua.

Julai ya mwaka huo huo eCitizen ilivamiwa na wadukuzi, huduma zikalala kwa siku kadhaa. Wenye safari walikwama. Dirisha lilihamia kwa simu, na likifungwa, sasa hakuna hata mtu wa kugombana naye.

Nimeambiwa mara nyingi kwamba kulalamika bila kusema la kufanya ni kelele. Haya. Katiba ya 2010 ina vitu viwili ambavyo Harry Thuku angeviweka kwa kikopo cha shingoni. Kifungu cha 12 kinasema kila raia ana haki ya kupata pasipoti na hati yoyote ya usajili inayotolewa na serikali. Ni haki, na mtu haombi haki kwa kunyenyekea. Kifungu cha 47 kinasema uamuzi wa afisi ya serikali lazima ufanywe haraka, kwa njia halali na ya haki, na kama uamuzi umekuumiza, una haki ya kupewa sababu kwa maandishi. Mwaka 2015 bunge lilitunga sheria kamili ya kutekeleza hicho kifungu.

Kwa maandishi. Miaka yote hiyo sisi ndio tulioandikwa: jina, kabila, wilaya, kidole, mshahara. Hiki kifungu kinampa kalamu mtu wa upande ule wa dirisha na kumwambia ajiandike yeye.

Niliona ikitumika mara moja tu. Afisi siitaji. Mama mmoja wa makamo, amebeba kiondo, alikuwa anafuatilia cheti cha kuzaliwa cha mjukuu wake. Karani akamwambia, "Mama, hii haiwezekani, rudi wiki ijayo." Yule mama hakupaza sauti. Akasema, "Sawa, mwanangu. Niandikie hapo kwamba haiwezekani, na sababu, na jina lako, nitakuja nayo wiki ijayo." Akamsukumia daftari la shule, lile la mistari, na kalamu.

Karani aliangalia daftari muda mrefu. Akainuka, akaingia ndani. Sisi wa nyuma kwa laini tukanyamaza wote. Alikaa huko kama dakika ishirini, akarudi na mwanamume mwenye tai ambaye hatukuwa tumemwona asubuhi yote, na ambaye tulikuwa tumeambiwa yuko mkutano. Mwenye tai akauliza mama anaitwa nani. Mama akajibu, akaongeza, "Na wewe?"

Hakupata cheti siku hiyo. Alipata tarehe, Alhamisi, saa nne, na jina la mtu, vikiwa vimeandikwa kwa lile daftari na mkono wa yule karani. Alivisoma kwa sauti ili sisi wote tusikie, akafunga daftari, akalitia kwa kiondo. Msee aliyekuwa nyuma yake kwa laini akamwuliza kama anaweza kumpasulia ukurasa mmoja.